Sandarusi inayopinda mwanga kinyume: naijengea nchi yangu ya kubuni, njooni mnikosoe

Mwana wa Shangani (mleta uzi)

Wakuu, salaam. Hadithi za kubuni tunazozipandisha humu zina ugonjwa mmoja. Shujaa akibanwa anatoa pete, pete inafanya lolote analotaka, tunapiga makofi, tunalala. Mimi nimechoka. Naandika riwaya ya nchi isiyokuwepo, naiita Unangwa, nimeichora kwa sura ya pwani yetu kutoka Kilwa mpaka Msimbati: mikoko, majahazi yanayosubiri kusi, na huko juu uwanda wenye vumbi jekundu. Uchawi uliomo ni mmoja tu, tena hauko kwa mtu, uko kwenye kitu cha kuchimbwa. Nataka sheria zake ziwe ngumu kiasi kwamba msomaji akishazijua anaweza kukisia mwenyewe kitakachofuata, na mimi mwandishi nikijaribu kuchomoka kwa hila anikamate.

Kitu chenyewe ni sandarusi. Ile ya kwetu mnaijua: utomvu wa msandarusi uliodondoka, ukafukiwa, ukakauka mpaka ukawa kama jiwe, rangi ya asali, uso una vipelepele, na ukibahatika unakuta mdudu ndani. Unangwa wanayo hiyo, na wanayo nyingine wanayoiita sandarusi geu. Mchana huwezi kuzitofautisha. Usiku, ikimulikwa kwa moto wa chumvi, geu inapinda mwanga upande usiotarajiwa.

Nieleze hapo taratibu maana kila kitu kinategemea hapo. Mwanga ukiingia majini unapinda. Mvuvi wa mkuki anajua: samaki aliye futi nne chini anaonekana yuko futi tatu, ndiyo maana unalenga chini yake. Kioo kinapinda zaidi ya maji, almasi inapinda zaidi ya kioo. Lakini vyote hivyo vina adabu moja. Mwale ukija kutoka kushoto na kuvuka uso wa maji, unaendelea kuelekea kulia, umebadili mwinamo tu. Kwenye geu mwale ukishavuka uso unarudi kushoto, kwa mwinamo uleule uliokuja nao. Basi. Sijaongeza kingine hata kimoja, na yote yafuatayo yanatoka hapo.

La kwanza ni mdudu. Akiwa ndani ya bonge la geu, kidole kimoja chini ya uso, unamwona kidole kimoja nje, ananing'inia hewani. Ukitaka kumshika unashika hewa.

La pili ni kigae. Geu iliyochongwa bapa, unene wa kidole, ukiilaza juu ya mkeka, ukili ulio chini yake unapanda na kuelea juu ya kigae, urefu wa kidole kilekile. Wanunuzi wa Unangwa wanapimia hivyo sokoni. Chakazi, ule utomvu mbichi, hata uupake nini, mkeka haupandi.

La tatu ndilo lililonifanya nianze kuandika. Baraza la mji wa Chumvini lina bapa kubwa lililosimamishwa ukutani, unene shubiri nne, wanaliita Mlango ingawa halifunguki. Mshtakiwa anasimamishwa nyuma yake, shubiri moja kutoka kwenye bapa. Wazee wako upande wa pili. Moto ukiwashwa, mshtakiwa anawatokea upande wao, shubiri tatu mbele ya bapa, mzima, wima, kimo chake kilekile. Mzee wa baraza kiti chake kiko shubiri tano kutoka kwenye bapa, kwa hiyo wanatazamana kwa shubiri mbili, pumzi kwa pumzi, na hakuna anayeweza kumgusa mwenzake. Hesabu yake ni nyepesi: bapa linavisogeza vitu karibu yako mara mbili ya unene wake. Kati yao kuna shubiri kumi za kweli, toa nane.

Sasa moto wa chumvi. Wanakamua mabibo, wanakeneka mpaka wapate kinywaji kikali kinachowaka moto wa buluu usio na moshi, wanatia chumvi, moto unageuka manjano matupu. Moto wa kuni haufai, una rangi zote ndani yake. Kwa hiyo Unangwa wachimba geu wako juu kwenye uwanda, wenye chumvi wako chini ufukweni, na hakuna anayeweza kuitumia geu bila mwenzake. Ugomvi wote wa riwaya umekaa hapo.

Nichaneni. Nataka mashimo, sitaki sifa.

Kusi la Mikindani

Naweka kiti hapa. Ngoja waje wajuzi.

Nipe Ufupi

Maneno mengi sana mkuu. Kwa ufupi hicho kitu kinafanya nini?

Mwana wa Shangani

Kinakutolea nje kilicho ndani. Ukitaka zaidi rudi juu.

Ticha wa Masasi

Mleta mada, nafundisha fizikia sekondari na nilikuja nimejiandaa kukurarua. Sasa nina habari nzuri na nyingine ngumu.

Nzuri ni kwamba geu yako ina wazazi halali. Mwanafizikia wa Kisovieti, Victor Veselago, katika makala iliyotoka kwa Kirusi 1967 na kwa Kiingereza 1968, aliuliza swali lako hilohilo: ingekuwaje kama namba ya mpindo, ile inayosema kitu kinapinda mwanga kiasi gani, ingekuwa hasi? Hewa ni kama 1, maji 1.33, kioo cha kawaida karibu 1.5, almasi 2.42. Yeye akaweka alama ya kutoa mbele ya namba. Akaonyesha kuwa bapa tambarare la kitu hicho lingekusanya mwanga kama lenzi, bila kuchongwa mviringo. Ni Mlango wako ule. Watu walimsoma wakaendelea na shughuli zao, kwa sababu hakuna jiwe wala utomvu wa namba hasi uliowahi kuokotwa. Mwaka 2000 watafiti wa Chuo Kikuu cha California, San Diego, wakakitengeneza kwa mikono: vipete na nyaya za shaba zilizopangwa kwa safu. Haukuwa mwanga wa macho bali mawimbi ya mikrowevu, jamii ya yale ya kwenye oveni. Mwaka huohuo John Pendry wa London akaandika kuwa bapa la namba hasi moja (-1), likiwa halinywi mwanga hata kidogo, lingetoa taswira kali kuliko lenzi yoyote.

Na moto wako wa chumvi umenifurahisha kuliko vyote, sijui ulikusudia au ulibahatisha. Hesabu za Veselago zinasema kitu cha namna hiyo hakiwezi kuzifanyia rangi zote sawa. Lazima kibadilike kwa kila rangi, kwa hiyo namba hasi moja kamili utaipata kwenye rangi moja tu. Na moto wa chumvi ndio moto wa rangi moja tulio nao jikoni. Sodiamu iliyomo kwenye chumvi ikipata moto inatoa manjano ya nanomita 589, mistari miwili iliyobanana sana, karibu hakuna kingine. Mchana jua linaleta rangi zote, ile manjano moja inazamishwa na wenzake, geu inaonekana sandarusi ya kawaida. Umepona.

Habari ngumu iko kwa mdudu. Umesema ananing'inia hewani, kweli. Ila hujafikiria sura yake. Kilicho vidole viwili ndani kinaonekana vidole viwili nje, kilicho kimoja ndani kinaonekana kimoja nje. Maana yake kilicho mbali nawe zaidi ndani ya bonge ndicho kinachokusogelea zaidi nje. Mgongo wa mende ulio karibu na uso wa bonge utaonekana nyuma, miguu iliyo chini zaidi itaonekana mbele. Mdudu atakutokea amebonyea, kama unatazama upande wa ndani wa kitu ulichozoea kukiona kwa nje. Mlangoni halitokei hilo, kwa sababu bapa lina nyuso mbili, wa kwanza unageuza na wa pili unageuza tena.

Mwana wa Shangani

Ticha, hiyo ya mdudu kubonyea inaingia riwayani kesho asubuhi. Tena nitaifanya ndiyo dalili ya kumtenga mtu aliyewahi kuiona geu na yule anayesimulia tu. Mwongo atasema mdudu alikuwa mzuri.

Mjomba wa Newala

Wajomba, naomba nami nitie neno. Mimi si wa fizikia, ni mchonga mpingo.

Ticha kasema vitu vinabonyea. Sawa. Basi mchongaji hawezi kukaa kimya akasubiri mdudu. Sisi tuliokulia kwenye mapiko, vile vinyago vyetu vya kuvaa, tunaujua uso kwa pande mbili. Watu wengine wanauona lipiko kwa nje, aliyelivaa anaujua kwa ndani, na huko ndani si pa kila mtu. Ukimpa mchongaji wa Unangwa bonge la geu, atafanya hivi: upande wa nyuma wa bonge atachonga uso uliotokeza, pua ikielekea nyuma, mbali na mtazamaji. Kisha atapaka rangi. Wewe ukikaa mbele na moto wako wa chumvi, pua ndiyo iliyo mbali zaidi ndani, kwa hiyo ndiyo itakayokujia karibu zaidi. Uso utasimama hewani unakutazama, umekaa sawasawa. Ticha, nimekosea?

Ticha wa Masasi

Mjomba, hujakosea popote. Nimechora mara mbili kuhakikisha. Na mashavu yatakaa mahali pake pia.

Mjomba wa Newala

Basi hapo una sanaa ya jando ya nchi nzima, mleta uzi, na umeiacha nje ukakimbilia mahakamani. Swali langu la pili: shimo la geu anarithi nani? Maana umetuchorea uwanda wa juu, na huku juu kwa asili urithi ulifuata upande wa mama. Wamakonde, Wamwera, Wamakua, Wayao, wote mtoto ni wa ukoo wa mama yake, na mali ya mjomba inakwenda kwa mpwa. Usije ukatuletea mfalme na mwanawe wa kiume kama hadithi za watu wa mbali.

Mwana wa Shangani

Mjomba, shikamoo. Hilo nilikuwa nalo tangu mwanzo. Mshtakiwa ni kijana ambaye mjomba wake ndiye aliyekuwa na shimo, na mjomba amekutwa ameuawa. Watoto wa marehemu hawapati kitu, yeye anapata shimo lote. Kwa hiyo sababu ya kuua anayo, na kila mtu Chumvini anajua anayo.

Sanaa ya jando naichukua, ila sitaonyesha ndani. Nitaishia mlangoni kwa kuwa msimuliaji wangu ni mwanamke na hakuingia.

Mjomba wa Newala

Marahaba. Hapo umenena.

Mzee wa Darubini

Mimi naona shimo moja kubwa. Kitu kinachosogeza vitu karibu, halafu nchi ina bandari na maadui wa baharini, na hakuna aliyefikiria kukitumia kuangalia majahazi? Unangwa nzima wajinga?

Mwana wa Shangani

Kinasogeza mara mbili ya unene wake, mzee wangu, hata kitu kiwe wapi. Bapa la shubiri nne linasogeza jahazi kwa shubiri nane. Jahazi lililo maili moja likisogea shubiri nane umepata faida gani? Na umulike jahazi zima kwa moto wa chumvi kwanza. Nahodha akikuona unakuja na bakuli la moto, shida yako siyo darubini tena.

Mzee wa Darubini

Haya. Imepita.

Binti Kitunda

Habari zenu. Niko Lindi, na nina neno kuhusu biashara, maana naona mmeitupa.

Sandarusi ya kweli ilikuwa mali kubwa karne ya 19. Watu wa bara ya pwani hii walichimba kwenye mchanga mahali ambapo mti wenyewe ulishapotea zamani, mzigo ukashuka pwani, ukaenda Unguja, na kutoka Unguja mwingi ukaishia Salem, Massachusetts, kutengenezea vanishi ya fanicha na magari ya farasi. Marekani walikuwa na mkataba wa biashara na Sayyid Said tangu 1833 na konseli wao Unguja tangu 1837. Meza za watu huko ziling'aa kwa utomvu wa kwetu. Na mchimbaji? Alipewa kitambaa.

Sasa nakuuliza, mleta uzi, wageni wako wapi? Geu haijanunuliwa na mtu wa ng'ambo? Hapa Lindi tuna mifupa ya Tendaguru, ya mijusi wakubwa wa kale, dinosaria. Wajerumani walichimba kuanzia 1909 hadi 1913, wapagazi wakaibeba kwa miguu mpaka bandarini, na leo mjusi wetu amesimama Berlin, zaidi ya mita 13 kwenda juu, watu wanakata tiketi. Hadithi ya kitu cha thamani cha kusini ikikosa meli ya kukichukua, mimi siiamini.

Mwana wa Shangani

Dada, kila unalosema ni kweli na nakubishia hata hivyo. Wageni wapo, wana meli tatu bandarini sura nzima ya pili. Wananunua geu, wanafika kwao, wanawasha mishumaa, wanaona sandarusi ya kawaida. Moto wao ni wa nta na mafuta, una rangi zote. Wanarudi wamekasirika, wanasema wameibiwa. Hakuna mtu Chumvini anayewaambia habari ya chumvi. Chumvi yenyewe wanayo mezani kila siku, ndilo linalonichekesha.

Sitaki waondoke na kitu hiki. Kwenye kubuni nina ruhusa hiyo na nimeamua kuitumia.

Binti Kitunda

Mpaka mpishi mmoja wa meli amwage supu kwenye moto.

Mwana wa Shangani

…Dada. Umeniharibia sura ya pili na umenipa kitabu cha pili.

Kusi la Mikindani

Uzi mtamu huu. Endeleeni.

Mwenye Ghala

Mimi nipo kwenye korosho, nitauliza la sokoni. Kipimo chako cha mkeka ni kizuri kwa kujua geu na isiyo geu. Madaraja je? Huku tangu stakabadhi ghalani, mfumo wa kuuza mazao kupitia ghala, ilipoanza 2007 ugomvi wa kila msimu ni daraja: huyu anasema mzigo wake ni la kwanza, ghala linasema la pili. Geu nzuri na geu mbaya zinatofautiana nini?

Ticha wa Masasi

Naomba nijibu mimi. Ni namna inavyokula mwanga. Hata zile za maabara zinakunywa mawimbi, na ndiyo kero yake kubwa. Geu chafu ingetoa taswira hafifu, na kadiri bapa linavyozidi unene ndivyo giza linavyozidi. Kwa hiyo daraja la kwanza ni ile ambayo ukiweka vigae kumi, kimoja juu ya kingine, mkeka bado unaonekana.

Mwenye Ghala

Kwa hiyo mjanja anapimiwa kwa kigae kimoja, analipwa, anakimbia. Naijua hiyo biashara vizuri sana.

Mwana wa Shangani

Na Mlango wa Baraza wa shubiri nne umeunganishwa kwa mabonge mengi yaliyoyeyushwa kingo. Kila kiungo kina mstari mweusi. Mshtakiwa anawatokea wazee akiwa amekatwakatwa na mistari, ndiyo maana sheria yao haimruhusu mzee kuhukumu kwa kutazama kwa jicho moja tu.

Mama wa Ligula

Wanangu, nimesoma yote nikiwa naivisha wali, na nina la kusema kuhusu huo moto. Kila mwenye jiko la gesi ameshauona. Sufuria yenye chumvi ikifurika, moto wa buluu unashtuka manjano. Jana nimezima taa nikanyunyizia chumvi kidogo makusudi. Kanga yangu nyekundu iligeuka kitu cheusicheusi. Mkono wangu ulikuwa kama wa maiti. Nyanya na kitunguu maji sikuzijua ipi ni ipi kwa rangi, nilizijua kwa umbo.

Sasa hao wazee wako wanahukumu mtu kwa moto huo? Wanaona sura, hawaoni rangi.

Na ole wake mtu humu ajaribu kwa gongo. Moto wa gongo mchana hauonekani vizuri, unaweza kuunguza paja lako unajiona mzima.

Mwana wa Shangani

Mama, shikamoo. Umegusa mahali ambapo nimekwama. Kesi yote inasimama kwenye kanga. Shahidi alimwona mwanamke akitoka shimoni usiku ule, alimwona kwa mwanga wa mbalamwezi na mwenge, anasema alivaa kanga nyekundu. Nataka baraza lisimamishe wanawake wawili nyuma ya Mlango, lishindwe kuwatofautisha. Ila naogopa: kanga zina mapambo. Zitatofautiana hata bila rangi.

Mama wa Ligula

Marahaba. Wewe kanga unanunua au unanunuliwa? Kanga moja, pambo lilelile, jina lilelile, dukani inapangwa rangi tatu, nne. Mawifi wawili wanachukua doti za jina moja, huyu rangi hii, huyu rangi ile, ili wakienda arusini wasigombane. Wape hao wanawake wako kanga za jina moja. Wazee watasoma jina kwa ufasaha kabisa, maana maandishi meupe yanaonekana. Watajiona wamemaliza kesi.

Mwana wa Shangani

Mama, hapa nilipo nimesimama.

Ticha wa Masasi

Angalia rangi utakazochagua. Nyekundu ya machungwa inarudisha kidogo ile manjano, itaonekana kahawia na mjanja ataikamata. Chukua damu ya mzee iliyokoza, na buluu iliyokoza. Kwenye sodiamu zote mbili zinakwenda gizani pamoja.

Mjomba wa Newala

Na yule msimuliaji wako wa kike ndiye atakayesema wazime moto, watu watoke nje wangoje jua. Wazee wakatae. Hawajawahi kuhukumu nje ya Mlango.

Mwana wa Shangani

Wakatae, naam. Mwenye bakuli la chumvi hawezi kukubali kwamba jua linajua zaidi yake. Naenda kuifumua sura ya tano, nitaipandisha humuhumu.

Kusi la Mikindani

Kwani nani kaua?

Mwana wa Shangani

Kaa kwa kutulia.